Mashine ya kukimbiza wakati

Hebu fikiria, msomaji mpendwa, kwamba asubuhi hii ya Jumapili, ukiwa ungali umeshika kikombe chako cha chai, mtu anabisha mlangoni akiwa na mashine ya ajabu. Ukibonyeza kidude hiki, wakati unasimama. Ukivuta kile, wakati unakimbia. Kazi ya mwezi mzima unaimaliza kabla ya adhuhuri. Je, utainunua?

Najua wanafunzi watakuwa wa kwanza kupiga foleni. Nani hataki kuruka wiki ya mtihani akatue siku ya likizo? Na mama wa nyumbani aliye na nguo za watoto watano za kufua hatasita hata kidogo.

Ndoto hii si ya leo. Mwingereza H. G. Wells aliitungia hadithi mwaka wa 1895. Katika hadithi hiyo, mtu mmoja anasafiri kwa mashine hadi mwaka wa 802701. Anachokuta huko kinashangaza: binadamu wamegawanyika makundi mawili. Wamoja wanaishi juu ya ardhi, wanacheza na kula matunda, hawafanyi kazi yoyote. Wengine wanaishi chini ya ardhi, gizani, pamoja na mitambo. Mwandishi alikuwa akiuliza swali moja: mashine ikituokolea wakati, wakati huo unakwenda kwa nani?

Swali hilo usilitafutie jibu Uingereza. Panda gari uende Kericho, kisha uendelee hadi Bomet. Huko mashine ya kukimbiza wakati ipo, wala si hadithi.

Ukifika utaona vilima vilivyofunikwa na zulia la kijani kibichi, na alasiri pengine utanyeshewa na mvua ya mawe. Usidanganyike kwamba ile mimea mifupi ni michanga. Mchai ukiachwa huwa mti mrefu kukupita mara kadhaa, na mingine imezeeka kuliko babu yako. Kinachoufanya ubaki kiunoni ni kupogolewa kila baada ya miaka michache na kuchumwa bila kukoma. Kwa hivyo, hata kabla ya mashine kuja, wenyeji wa huko walikuwa wamekwisha kujua kuuzuia wakati.

Mchumaji naye ana saa yake. Anaamka kabla ya jogoo, anajifunga aproni ya plastiki kwa sababu ya umande, anaweka kikapu mgongoni. Anachuma majani mawili na kichipukizi, mkono wa kulia na wa kushoto ukishindana. Baada ya wiki moja au mbili anarudi kwenye mstari ule ule, kwani mchai umechipua tena. Majani hayangoji: sharti yafike kiwandani siku hiyo hiyo, yanyaushwe kwa saa nyingi, yasagwe, yaachwe yageuke rangi, kisha yakaushwe. Mchumaji hulipwa kwa kilo. Haba na haba hujaza kibaba, na kibaba hicho ndicho kilichowalipia karo wengi wanaosoma ukurasa huu leo wakiwa mjini.

Sasa mashine imeingia. Kuna ile inayobebwa na watu wawili, mmoja upande huu wa mstari na mwenzake upande ule, huku mfuko mrefu ukiburutwa nyuma kama mkia. Inanguruma, inakata, inapuliza majani mfukoni. Mstari uliowachukua watu asubuhi nzima unakwisha kwa dakika chache.

Tuwe waadilifu. Wenye makampuni wana hoja. Wanasema gharama ya kuchuma kwa mkono inapanda mwaka hadi mwaka, ilhali bei ya chai mnadani haipandi kwa mwendo huo. Wanasema pasipo mashine shamba zima litafungwa, na hapo hata dereva na mpishi watakosa kazi. Hayo si maneno ya kupuuzwa.

Lakini sikiliza na upande wa pili. Mwaka wa 2010 chama cha wafanyakazi wa mashambani kiligoma kwa sababu ya mashine hizo. Machi 2023, jopo lililoundwa na serikali ya Kaunti ya Kericho lilitoa ripoti kwamba nafasi za kazi 30,000 zilikuwa zimepotea katika kaunti hiyo kwa muda wa miaka kumi. Mei mwaka huo huo hasira zilifurika. Mashine ziliteketezwa kwa moto, watu wakajeruhiwa, na uhai ukapotea. Mashine inaweza kununuliwa nyingine. Aliyekufa harudi, na hapo ndipo tunapokumbuka kwamba hakuna mtambo duniani wa kurudisha jana.

Tufanye hesabu ndogo, kama ya shule ya msingi. Tuseme mashine inafanya kwa siku moja kazi ya watu thelathini, na inaendeshwa na watu watatu. Siku ishirini na saba za kazi zimeokolewa. Swali: ziko wapi? Kama wale ishirini na saba wangepewa sehemu ya faida, wakafunzwa ufundi wa kuikarabati mashine hiyo, au wakasaidiwa kuanzisha shughuli nyingine, tungesema wamezawadiwa wakati. Wakirudishwa nyumbani mikono mitupu, hawakuzawadiwa kitu. Mtu asiye na kazi ana wakati mwingi kuliko tajiri, lakini hauli wala hauvai.

Wazee wa Kipsigis wana njia yao ya kuhesabu wakati. Marika yao, kama Maina, Chumo, Sawe na Nyongi, hayapiti yakapotea. Jina huzunguka, na baada ya vizazi kadhaa hurudi kwa vijana wapya. Kwao wakati ni kama mchai: unachuma leo, unarudi tena, na anayekuja baada yako atapita mstari ule ule. Ndiyo maana swali la mashine linawauma. Hawaulizi tu nani atakula kesho. Wanauliza kama mstari utakuwepo wajukuu watakapofika.

Mimi sipingi mashine, msomaji. Hata mama yangu hangekubali kuachana na posho mill arudie kinu. Ninachosema ni kwamba kabla mashine haijawashwa, watu waketi chini, waandike nani atapata saa zitakazookolewa. Chama, kampuni na kaunti wakishindwa kuandika hilo, moto utaliandika kwa niaba yao, na mwandiko wa moto ni jivu.

Chai yako isije ikapoa. Ila kabla hujamaliza, waulize watoto mezani: yule mtu wa mlangoni akija na mashine yake, mtamuuliza bei tu, au mtamuuliza pia imechukua wakati wa nani? Jibu lao litakueleza ni watu wa namna gani unaowalea.

Tukutane Jumapili ijayo, Mungu akipenda.