Zuzu wa katuni hii haonekani

Mwulize mtu yeyote aliyekulia mbele ya televisheni Goofy ni nani, atakujibu bila kufikiri: lile jibwa refu la Disney, lenye kofia kichwani na miguu isiyosikilizana, zuzu kupindukia. Jibu hilo limezoeleka mno hata hakuna anayelihoji. Mimi nalihoji. Katika filamu zake fupi za michezo, na hasa How to Play Baseball ya mwaka 1942, zuzu si yeye. Zuzu ni msimulizi, yule bwana mwenye sauti nzito kama ya mhadhiri, ambaye sura yake hatuioni hata mara moja, na ambaye kwa dakika kama nane anatufundisha besiboli inavyochezwa bila kutoka jasho.

Itazame tena filamu yenyewe. Sauti inapanga mambo kwa utaratibu: uwanja ukoje, vifaa ni vipi, mrushaji husimama wapi, mpigaji hushikaje gongo. Kisha unakuja mwili, na mwili hauna habari na utaratibu huo. Mrushaji anapojiandaa kurusha, anajisokota mikono na miguu kama nguo inayokamuliwa, mpaka hujui kiwiko kiko wapi na goti liko wapi, huku msimulizi akiendelea na maelezo yake kana kwamba hakuna lililotokea. Hapo ndipo penye kicheko. Na tuwe waadilifu: bwana yule hasemi uongo. Hata pale mpira unapopigwa ukavuliwa ngozi yake na kuanza kufumuka, ukawaacha wachezaji wakihangaika na nyuzi, katuni imesimama juu ya ukweli, maana mpira wa besiboli ndani yake ni nyuzi zilizoviringishwa kwa kukazwa na kufunikwa ngozi. Maelezo ni sahihi, ila hayamsaidii aliye uwanjani.

Mtindo huu haukuzaliwa kwa hekima tupu; ulichangiwa na upungufu. Pinto Colvig, aliyekuwa akimpa Goofy sauti yake ya kipuuzi, aliondoka Disney mwishoni mwa miaka ya 1930. Mnyama akabaki na mwili mzuri wa kuchekesha lakini hana wa kumsemea ipasavyo. Mwaka 1941, katika kipande cha kupanda farasi kilichowekwa ndani ya filamu ya The Reluctant Dragon, ikaingizwa sauti ya John McLeish, nzito na yenye staha, na inasimuliwa kwamba waliomrekodi hawakumwambia kuwa anasoma kichekesho. Iwe kweli au ni chumvi ya watu wa studio, ukimsikiliza utaamini. Mwongozaji Jack Kinney na wenzake walitambua kwamba wameokota dhahabu, wakaichimba: kuogelea, gofu, mpira wa miguu wa Kimarekani. Hiyo ya mpira wa miguu, ya mwaka 1944, ilifika hadi kuteuliwa kuwania tuzo ya Oscar.

Kuna watakaonipinga wakisema ninatafuta falsafa kwenye mieleka. Watu wanacheka, watasema, kwa sababu jibwa limeanguka, basi. Zima sauti na watoto bado watacheka. Nusu ya hoja hiyo naikubali. Goofy alikuwa akianguka na kuchekesha tangu miaka ya 1930, pamoja na Mickey na Donald, wala hakuhitaji mhadhiri. Lakini kicheko kile kilikuwa cha mtu mmoja mwenye bahati mbaya. Hiki ni kingine, na ushahidi umo ndani ya How to Play Golf ya 1944. Humo Goofy anawekewa mwenzake, mtu wa mistari mitupu kama wale wa kwenye vitabu vya mafunzo, amwonyeshe namna ya kusimama na kupiga. Mchoro unapiga vizuri. Mwenye nyama na mifupa ndiye anayehangaika. Watengenezaji wameichukua hoja yao wakaichora waziwazi kwenye skrini, kisha wakamleta fahali awakimbize wote wawili, mchoro na mwanafunzi wake. Ukizima sauti, utaona mbio tu.

Pingamizi zito zaidi ni kwamba filamu hizi zinadharau mafunzo, na kwamba mtoto akizitazama atajifunza kumcheka kocha. Sidhani. Kocha huona goti lako likipinda vibaya, akaja kulishika. Anayechekwa hapa ni mjuzi wa mbali, anayedhani kwamba jambo likishaelezwa limekwisha kutendeka. Tena filamu ile ya besiboli haimdhalilishi mchezaji fulani, kwa kuwa kila aliye uwanjani ana sura ileile: mrushaji ni Goofy, mpigaji ni Goofy, mdakaji vilevile. Fikiria basi ilikoonyeshwa. Ilitengenezwa iende sambamba na The Pride of the Yankees, filamu ya kumuenzi Lou Gehrig, aliyecheza mechi 2,130 mfululizo, akaacha besiboli mwaka 1939 kwa maradhi, na kufariki mwaka 1941. Watu waliokuja kumlilia shujaa mmoja asiye na mfano walionyeshwa pia kikosi kisicho na shujaa hata mmoja, watu wa kawaida wote, wote wakijaribu. Sioni dharau hapo. Naona huruma fulani.

Atakayesema besiboli si mchezo wetu, hivyo utani wake hautuhusu, hana haja ya jibu refu. Asiyejua sheria zake ndiye anayekaa mahali hasa anapokaa Goofy, akisikia maneno mazito na kuona vumbi. Na ambaye amewahi kumsikiliza mchambuzi wa soka akieleza kwa nini penalti ile ilipaswa kupigwa kushoto hahitaji kutafsiriwa.

Mwaka 1945 Kinney alisogea hatua nyingine katika Hockey Homicide, ya mpira wa magongo wa kwenye barafu. Hapa mhadhiri ameshageuka mtangazaji, na mtangazaji naye anapandwa na mori. Majina ya wachezaji yamechukuliwa kwa mafundi wa studio yenyewe, mwamuzi akipewa jina la Kinney. Kasi inaongezeka mpaka picha za filamu nyingine zinachomekwa katikati, yule nyangumi wa Pinocchio akiwemo. Mwishowe mashabiki wanamiminika kwenye barafu kupigana wao kwa wao, na wachezaji, magongo yakiwa yamewekwa kando, wako jukwaani wamekaa, wanatazama.