KUIONDOA KESI SI KUSHINDWA

Katika wilaya kama Mpwapwa, habari kwamba kesi ya ardhi "imeondolewa mahakamani" huzusha manung'uniko mara moja. Wengine husema wazee wamehongwa; wengine husema mashamba yamekwisha potea. Twaona ni wajibu wetu kulieleza jambo hili, maana mnyonge asiyeijua njia ya mahakama huweza kupotewa na haki yake kabla hakimu hajaisikiliza.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya 1966, katika Amri ya 23, yamruhusu mdai kuiondoa kesi na kuifungua upya, iwapo mahakama imeridhika kwamba itaanguka kwa kasoro ya utaratibu, au ipo sababu nyingine ya kutosha. Kasoro hizo si haba. Atakaye kuishtaki Serikali hana budi kutoa notisi ya siku 90 kwanza, na tangu 2020 sharti hilo lazihusu halmashauri za wilaya pia, tena Mwanasheria Mkuu wa Serikali lazima aunganishwe. Wanakijiji wakiishtaki halmashauri bila notisi, hata wawe na haki tele, kesi yao haisimami. Heri waiondoe wenyewe kwa ruhusa kuliko kungoja ianguke.

Hata watu mashuhuri hujikwaa. Juni 2022 Mahakama Kuu iliyaondoa maombi ya Bi. Halima Mdee na wenzake 18 waliofukuzwa Chadema, kwa kuwa jina la wadhamini wa chama hicho lilikosewa. Wao hawakuyaondoa kwa hiari, yaliondolewa kwa amri. Lakini hoja yao ilikuwa haijaamuliwa. Walisahihisha wakarudi, na Julai wakapewa kibali cha kuendelea.

Hata hivyo, ruhusa hiyo ina miiba miwili. Kwanza, lazima iombwe na kuandikwa katika amri. Aiondoaye kesi bila ruhusa huweza kulipishwa gharama, na mlango wa kulirudisha dai lile lile humfungia. Pili, siku hazisimami. Sheria huhesabu muda kana kwamba kesi ya kwanza haikuwapo kamwe. Adaiye ardhi ana miaka 12. Lakini mfanyakazi aliyeachishwa kazi ana siku 30 tu za kulifikisha shauri lake kwenye Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, na akichelewa lazima aombe kuongezewa muda kwa sababu nzito.

Kwa hiyo twawaambia viongozi wa matawi na wa vyama vya wafanyakazi: kesi ikiondolewa, waiteni wenye kesi, muwasomee amri yenyewe. Ruhusa imeandikwa? Kasoro ni ipi, na nani atairekebisha? Siku zimebaki ngapi? Wakili asiyeweza kuyajibu hayo mbele ya waliomlipa, aulizwe tena mpaka ajibu.

Na halmashauri iliyoshtakiwa isishangilie. Mahakama haijasema shamba ni la nani. Swali la wananchi bado lipo, nalo lastahili jibu.