Neno Moja Ubaoni: Mawazo ya Freire na Freinet katika Shule ya Msingi

Hakuna mwanachuo wa ualimu asiyelijua jina la Paulo Freire. Hulikuta katika mihadhara ya misingi ya elimu, hulinakili katika daftari lake karibu na jina la Mwalimu Nyerere, na mtihani ukifika huyaeleza mawazo ya watu hao kwa hoja tano au sita zilizopangwa vizuri. Baada ya hapo huenda katika mazoezi ya kufundisha, akasimama mbele ya watoto themanini, akaandika sentensi ubaoni, akawaamuru waiimbe mpaka waikariri. Hatusemi haya ili kumlaumu mwanachuo, kwani ndivyo alivyofundishwa yeye mwenyewe. Lakini ni jambo la ajabu kwamba watu waliotumia maisha yao kupinga ukaririshaji wamegeuzwa kuwa kitu cha kukaririwa. Maoni yetu ni kwamba mawazo yao hayaeleweki yakitengwa na maisha yao, na kwamba sehemu iliyo hai zaidi ya mawazo hayo ni ile waliyoitenda darasani, kwa vitu vidogo ambavyo mwalimu ye yote aweza kuvishika mkononi.

Freire alizaliwa mwaka 1921 mjini Recife, kaskazini-mashariki ya Brazil, katika jamaa ya watu wa hali ya kati. Msukosuko wa uchumi ulioanza mwaka 1929 uliiangusha jamaa hiyo katika ufukara, na baba yake akafariki yeye angali mvulana wa miaka kumi na mitatu. Baadaye alisimulia kwamba katika miaka ile alishindwa kuyafuata masomo kwa sababu ya njaa, wala si kwa uvivu au ujinga. Tunamwomba msomaji atue kidogo hapa. Mwalimu wa Freire bila shaka alimwona mtoto mzito wa kuelewa. Pengine alimwandikia hivyo katika taarifa ya maendeleo. Ni watoto wangapi katika madarasa yetu wanaoitwa wazito kabla ya mtu kuuliza kama wamekula?

Alisomea sheria, lakini uwakili aliuacha mapema sana, katika kesi yake ya kwanza, iliyomtaka amdai daktari kijana wa meno aliyeshindwa kulipa deni lake. Mwaka 1944 alikuwa amemwoa Elza, mwalimu wa shule ya msingi, naye hakuficha kamwe kwamba ni mke wake huyo aliyemvuta katika mambo ya elimu. Vitabu vingi vinavyomsifu mume humpitia mke kwa mstari mmoja tu. Sisi tunaona kwamba walimu wa shule za msingi wana haki ya kulikumbuka jina lake.

Kazi iliyomtangaza ilifanyika mwaka 1963 katika mji mdogo wa Angicos, jimbo la Rio Grande do Norte. Huko wafanyakazi wapatao 300 walifundishwa kusoma na kuandika kwa muda wa saa 40. Hesabu hiyo hurudiwa kila mahali kama muujiza, na kwa maoni yetu hurudiwa kupita kiasi, maana lililo kubwa ni namna kazi yenyewe ilivyoendeshwa. Kabla ya somo la kwanza, wafundishaji waliwasikiliza watu wakizungumza kazini na nyumbani. Katika mazungumzo hayo walichagua maneno machache tu, na kila neno lilipaswa kufaa kwa njia mbili: liwe na silabi zitakazozaa maneno mengine, na liwe linagusa maisha ya watu wenyewe. Mojawapo ya maneno aliyoyatumia Freire ni “tijolo”, yaani tofali. Picha ya watu wakijenga ilionyeshwa kwanza, watu wakazungumza: nani anajenga, anamjengea nani, yeye mwenyewe analala wapi. Ndipo neno likaandikwa, likavunjwa katika silabi zake, na kila silabi ikaleta jamaa yake: ta, te, ti, to, tu, ja, je, ji, jo, ju, la, le, li, lo, lu. Kutokana na jamaa hizo wanafunzi waliunda maneno yao. Mtu aliyeletewa tofali aliweza kuunda “luta”, neno ambalo kwa Kireno lina maana ya mapambano.

Ni rahisi kuona kwa nini wakubwa waliogopa. Sheria ya Brazil wakati ule ilimnyima kura mtu asiyejua kusoma, na katazo hilo liliendelea mpaka mwaka 1985. Kumfundisha mkulima silabi kulikuwa ni kumtia katika daftari la wapiga kura. Serikali ya Rais João Goulart ilikwisha kupanga vikundi 20,000 vya kusomea nchini kote. Majeshi yalipoipindua mwanzoni mwa Aprili 1964, mpango huo ulifutwa mara moja. Freire alifungwa kwa siku zipatazo 70, kisha akaenda uhamishoni Bolivia, Chile, Marekani na hatimaye Geneva, katika Baraza la Makanisa Ulimwenguni. Akiwa Chile ndipo alipoandika kitabu chake mashuhuri juu ya elimu ya waliokandamizwa, chenye ule mfano wa mwalimu anayeweka maarifa katika kichwa cha mwanafunzi kama mtu anayeweka fedha benki. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alifika Dar es Salaam akazungumza juu ya utafiti na elimu ya watu wazima, na kuanzia mwaka 1975 alishirikiana na serikali ya Guinea-Bissau iliyokuwa imejikomboa karibuni.

Hapa hatuna budi kutoa tahadhari. Freire alifundisha watu wazima. Mkulima wa miaka arobaini huja darasani na ujuzi wa miaka arobaini. Mtoto wa miaka saba huja na macho makali, maswali mengi, na ujuzi mchache. Wapo wanaomsoma Freire wakadhani kwamba mwalimu asifundishe, bali akae pembeni akingoja watoto wagundue kila kitu. Yeye hakusema hivyo. Alipinga ubabe, lakini alisisitiza mara nyingi kwamba mwalimu anayo mamlaka na wajibu wa kuongoza, na kwamba kumwachia mwanafunzi ovyo si kumheshimu.

Wala tusidanganyane kwamba silabi ni uvumbuzi wake. Ba, be, bi, bo, bu imeimbwa katika shule zetu tangu enzi za babu zetu, na Kiswahili, chenye silabi nyingi zinazokwisha kwa irabu, kinafaa njia hiyo kuliko lugha nyingi. Tofauti ipo katika mahali neno linapotoka na katika mazungumzo yanayotangulia. Tuchukue neno kisima. Mwalimu achore kisima ubaoni, aulize: Nani huchota maji nyumbani kwenu? Huamka saa ngapi? Mbona foleni ya asubuhi ni ya wasichana tu? Mbona maji ya kisima kile ni ya chumvi? Kisha aandike neno, aite jamaa zake: ka, ke, ki, ko, ku, sa, se, si, so, su, ma, me, mi, mo, mu. Watoto wataunda soma, sema, kisu, sumu, siku, kumi, masika, makosa. Wataunda na kasuku, ndege ambaye madarasa yetu yamemwiga kwa muda mrefu. Lakini faida kubwa ya somo hilo ni kwamba mwalimu atakuwa amejua ni kwa nini wasichana watatu wa dawati la nyuma huchelewa kila siku, na huenda fimbo aliyowawekea ikakosa kazi.

Jina la Célestin Freinet husikika mara chache zaidi vyuoni, na hili tunalisikitikia, maana kwa mwalimu wa shule ya msingi tunamwona ana manufaa kuliko Freire. Alizaliwa mwaka 1896 katika kijiji cha Gars, kusini ya Ufaransa. Katika Vita Kuu ya Kwanza alijeruhiwa vibaya mapafu, na alipopewa darasa huko Bar-sur-Loup mwaka 1920 hakuweza kusema kwa muda mrefu. Mwalimu asiye na pumzi! Wengine wangeiacha kazi. Yeye aliwatoa watoto nje, wakatembea mashambani na katika karakana za mafundi, wakarudi na kusimulia walichokiona. Simulizi ikaandikwa ubaoni, ikawa ndilo somo la kusoma. Baadaye alinunua mtambo mdogo wa kupigia chapa. Watoto walipanga herufi za risasi moja moja kwa vidole vyao, na hapo kila kosa la tahajia lilionekana na wote, likasahihishwa na wote, kwa sababu hakuna apendaye kosa lake lipigwe chapa mara thelathini. Kurasa hizo zilitumwa kwa posta kwenye shule ya mwalimu mwenzake Daniel katika pwani ya Brittany, upande wa pili wa nchi, nazo za huko zikaja. Mtoto wa vilimani akasoma habari za bahari zilizoandikwa na mtoto mwenzake. Aliandika kwa sababu yupo mtu anayengoja kusoma. Nasi hatujui sababu nyingine ya kuandika iliyo bora kuliko hiyo.

Wakubwa wa kijiji cha Saint-Paul, alikohamia mwaka 1928, hawakupendezwa. Mwalimu aliyelalamikia hali mbaya ya jengo la shule, na aliyewaruhusu watoto kuandika wanayoyawaza, alipigwa vita mpaka akaondoka katika shule za serikali. Mwaka 1935 alifungua shule yake mwenyewe huko Vence pamoja na mkewe Élise, mwalimu na msanii. Mwaka 1940 serikali ilimtia kizuizini. Alifariki mwaka 1966, akiacha chama kikubwa cha walimu kilichoanza kwa barua zile za posta.

Mtambo wa chapa hatuna, wala hatuuhitaji. Karatasi za manila, kalamu nene na gundi ya unga wa muhogo vyatosha kutengeneza gazeti la ukutani. Shule mbili zilizo kwenye njia moja ya basi zaweza kubadilishana barua kila mwezi kwa mkono wa kondakta mwenye moyo mwema.

Na Mwalimu Nyerere? Yeye alifundisha Tabora na Pugu kabla ya siasa kumchukua, na waraka wake wa Elimu ya Kujitegemea wa mwaka 1967 uliandikwa na mtu aliyeujua ubao. Ulitoa hesabu: kwa kuwa ni watoto 13 tu katika kila 100 wanaomaliza shule ya msingi waliopata nafasi ya sekondari, elimu ya msingi ilipaswa kuwa elimu kamili kwa wale 87. Shamba la shule lilikusudiwa kuwa mahali ambapo wanafunzi wanapanga pamoja na walimu, wanaweka hesabu, na wanaamua matumizi ya mapato. Twajua lilivyogeuka katika shule nyingi: jembe likawa adhabu ya wachelewaji, na mahindi yakaliwa na watu wasiotajwa katika hesabu yo yote. Kosa hilo lilikuwa letu sisi watendaji. Waraka haukulifundisha.

Tutaambiwa kwamba muhtasari wa masomo ni mrefu, wakaguzi wanadai andalio la somo, na mtihani wa taifa hauulizi habari za kisima. Yote ni kweli. Lakini hata Freire alipopewa madaraka juu ya shule za mji wa São Paulo mwaka 1989, alikuta majengo mabovu na upungufu mkubwa wa madawati, naye akaanza na paa na madawati, bila kuliacha suala la mitaala. Hakungoja hali ikamilike. Mwanachuo anayekwenda mazoezini aweza kupata vipindi viwili kwa juma. Siku moja kabla ya kuingia darasani, na apite kisimani, kwenye mashine ya kusaga na guliani, asikilize, aandike maneno kumi katika daftari lake. Kumi yatatosha kwa majuma matano ya kwanza.