Staa Akipewa Difenda Mlangoni, Kinyozi wa Jirani Apewe Nani?

Tangu Oktoba 29, 2025, kuwa staa mwenye biashara yake Bongo kuna presha yake. Siku ile ya uchaguzi vijana walipoingia barabarani Dar, hasira haikuishia kwenye vituo vya polisi, sheli na vituo vya mwendokasi. Iliwafikia na mastaa waliopanda majukwaa ya kampeni. Biashara zao zikavamiwa, nyingine zikachomwa moto. Intaneti iliporudi baada ya siku kadhaa, watu wakahamia kwenye kurasa zao: anfolo, matusi, na vitisho vya "bado wewe".

Sasa mjadala wa mtaani ni huu: staa akihisi duka lake liko hatarini, polisi waende wakalilinde? Kuna wanaojibu haraka tu, "acha iungue, si alilipwa?"

Hao wa "acha iungue" kuna watu wanawasahau. Staa mwenye mgahawa siye anayekaanga samaki. Kuna binti wa kaunta, kuna mpishi anayeanza kumenya vitunguu alfajiri, kuna mlinzi wa usiku ambaye hajawahi hata kupiga selfi na bosi wake. Hawa hawakupanda jukwaani wala hawakuonja bahasha. Mgahawa ukiungua, staa anatafuta shoo nyingine. Binti anatafutwa na mwenye nyumba. Halafu moto haujui fremu ya staa inaishia wapi. Duka la nguo limepakana na kinyozi, kinyozi kapakana na wakala wa miamala. Bima ndiyo usiseme. Wengi hawana kabisa, na hata mwenye bima ya moto ya kawaida mara nyingi anakuta fujo za maandamano hazimo mpaka awe amelipia nyongeza. Kinyozi gani kalipia hiyo?

Kwa hiyo ndiyo, polisi wana kazi ya kuzuia duka lisivunjwe, liwe la staa au la mama lishe. Ila difenda ikipaki mlango mmoja tu, wa yule aliyeimba kwenye kampeni, huku jirani yake anategemea kufuli la elfu tano, mtaa unasoma kitu kimoja: huyu ni wao. Askari wakiondoka jioni, staa anabaki na chuki kubwa kuliko ya asubuhi.

Nairobi waliyaona Juni 25 mwaka huohuo. Bunge lilizungushiwa nyaya za miiba na polisi wakajaa huko, wakati maduka katikati ya jiji yanavunjwa. Wafanyabiashara walirudi kesho yake wakakuta rafu tupu. Ulinzi ulikuwepo mjini, ila haukuwa wao.

Na ulinzi wenyewe uweje? Anayetoka dukani na katoni ya soda akamatwe, apelekwe mahakamani kwa wizi. Wizi, siyo uhaini. Risasi haina kazi hapo. Novemba ofisi ya haki za binadamu ya Umoja wa Mataifa ilisema mamia ya watu wanaaminika kuuawa Tanzania kwenye siku zile, na kuna familia zilizunguka hospitali na mochwari zikitafuta mwili wa kuzika. Hakuna friji ya staa yenye thamani hiyo.

Hata wingi wa askari nao una bei yake. Desemba 9, kwa hofu ya maandamano mengine, polisi na wanajeshi walitanda barabarani na Dar ikawa kimya kama usiku wa manane. Duka lilikuwa salama kabisa, mteja hakuna. Mama lishe akila hasara siku tatu za hivyo, mtaji umekwisha.

Mastaa nao wajitathmini. Wengi wanaujua mtaa wa biashara yao siku ya ufunguzi tu, na kapeti jekundu. Bodaboda wa kijiwe cha pale nje ndio wa kwanza kumuona mtu anakuja na dumu la petroli, na ndio wanaoamua kama watamzuia au watawasha kamera. Staa hajawahi kuwasalimia.

Wewe uliyekuwa unafanya kazi kwenye biashara ya staa iliyovamiwa: mshahara wa Oktoba ulilipwa? Dondosha komenti, jina lako usiweke.