Ukatili wa majumbani wakwamisha tiba ya saratani: safari ya Kidatu hadi Ocean Road

Kwa mkazi wa Kidatu, mkoani Morogoro, tiba ya mionzi ya saratani humaanisha safari ya zaidi ya kilomita 300 hadi Taasisi ya Saratani Ocean Road jijini Dar es Salaam, na kukaa huko wiki kadhaa, kwa kuwa mionzi hutolewa kidogo kidogo, karibu kila siku. Pale ambapo nauli, chakula na malazi hutoka katika mfuko wa kaya, anayeshika mfuko huo ndiye anayeamua kama mgonjwa atatibiwa.

Katika bonde la Kilombero fedha hizo hutokana zaidi na miwa na mpunga. Malipo huja kwa msimu na kupokelewa na mwenye shamba, ambaye mara nyingi ni mume. Mke akinyimwa nauli hana jeraha la kumwonesha yeyote. Daftari la kliniki litasema tu kwamba hakuhudhuria. Huo nao ni ukatili, wa kiuchumi, na kwa mgonjwa wa saratani unaweza kuua kwa uhakika kuliko kofi.

Saratani ya mlango wa kizazi, inayoongoza kwa wanawake nchini, huleta mtihani wa pekee. Kutokwa damu, harufu na maumivu wakati wa tendo la ndoa huzaa shutuma za uzinzi, hasa ikifahamika kwamba kirusi chake huambukizwa kwa kujamiiana. Ukweli ni kwamba kirusi hicho huweza kukaa mwilini miaka mingi kabla ya saratani kujitokeza, na hakuna kipimo kinachoweza kuonesha nani alikileta. Hata hivyo, wapo wanaorudishwa kwa wazazi wao, na wapo wanaolazimishwa tendo hilo wakiwa katikati ya tiba. Hali hii haipo Afrika pekee: utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2009 ulibaini kuwa ndoa zilivunjika kwa asilimia 20.8 pale mgonjwa alipokuwa mke, na asilimia 2.9 alipokuwa mume.

Wanaume nao hawajasalimika. Mzee mwenye saratani ya tezi dume anaweza kufungiwa chumbani bila huduma huku watoto wakigawana shamba lake.

Utafiti wa Demografia na Afya wa mwaka 2022 ulionesha kuwa asilimia 27 ya wanawake wa miaka 15 hadi 49 wamewahi kupigwa au kufanyiwa ukatili mwingine wa kimwili tangu wakiwa na miaka 15, ikilinganishwa na asilimia 40 mwaka 2015/16. Ni hatua kubwa. Lakini wagonjwa wengi wa saratani wamevuka umri huo, hivyo takwimu hizo haziwagusi.

Mwongozo wa Shirika la Afya Duniani wa mwaka 2013 unamtaka mhudumu amuulize mgonjwa akiwa peke yake. Hapa ndipo penye ugumu, kwani anayemsindikiza mgonjwa, anayejibu kwa niaba yake na kushika vyeti vyake, anaweza kuwa ndiye mtesi. Muuguzi anayemwita mume papo hapo ili "wayamalize", bila ridhaa ya mgonjwa, humrudisha nyumbani kwenye hatari kubwa zaidi.

Sheria haikunyamaza. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inakataza mwanandoa kumpiga mwenzake, inamtaka mume amtunze mkewe, na inazuia nyumba ya familia kuuzwa bila ridhaa ya mwenza. Madawati ya Jinsia na Watoto ya Jeshi la Polisi na maafisa ustawi wa jamii wapo kwa kazi hiyo, na awamu ya pili ya mpango wa taifa wa kutokomeza ukatili, MTAKUWWA, ilizinduliwa mwaka 2024.

Kinachokosekana ni daraja kati ya kliniki na huduma hizo. Barua ya rufaa kwenda Ocean Road hutaja ugonjwa na hatua uliyofikia. Mhudumu anayeiandika ana dakika chache za kumtoa nje msindikizaji na kumuuliza mgonjwa nani atalipa nauli, atafikia kwa nani, na kama anaogopa kurudi nyumbani. Jibu likiwa la mashaka, afisa ustawi wa jamii ahusishwe, kwa ridhaa ya mgonjwa, kabla basi halijaondoka.