Toa Mchezo Ndani ya Simu Kabla ya Kwenda Kazini

Ndugu mfanyakazi, na wewe mama unayemngojea nyumbani, leo ukurasa wetu wa Usalama na Afya hausemi juu ya kofia ngumu wala viatu vya kazi. Unasema juu ya kitu kidogo kinacholala chini ya mto wako: simu. Na zaidi ya simu yenyewe, unasema juu ya mchezo uliojificha ndani ya programu ya kutumia ujumbe.

Niseme wazi tangu mwanzo: simu si adui yetu. Mtu wa Dilolo anayefanya kazi Kolwezi anatengana na wazazi wake kwa karibu kilometa 400 za reli. Zamani alingoja barua, au msafiri aliyeshuka kwenye treni na habari mdomoni. Leo habari ya kilio, ya mtoto aliyezaliwa, au ya franka zilizofika, inampata kwa dakika moja. Hakuna mtu mwenye akili atakayemwambia aitupe simu yake. Ninachoomba ni kingine: abaki na simu, lakini mchezo autoe.

Mchezo uliingia kwa mlango gani?

Wengi wetu tunafikiri mchezo ni kitu ambacho mtu anakitafuta mwenyewe na kukiweka katika simu. Michezo ya ujumbe haiji hivyo. Mwaka 2016 Telegram ilifungua mlango wa michezo ndani ya mazungumzo, na mwaka huohuo Facebook ikafanya vilevile katika Messenger. Mwaka 2019 Facebook ilitangaza kuitoa michezo hiyo katika Messenger, lakini baadaye ikaleta mingine ya kucheza wakati watu wanazungumza kwa video.

Katika Telegram michezo ilikua sana. Januari 2024 ulifunguliwa mchezo unaoitwa Notcoin, na Machi ya mwaka huo ukafuata Hamster Kombat. Kazi yake ni kubonyeza picha kwa kidole na kuhesabu alama, kwa tumaini kwamba siku moja alama zitageuka pesa.

Basi rafiki yako anakutumia anwani. Anakutuma kwa sababu yeye anapata alama kwa kila mtu anayemleta. Unabonyeza mara moja tu, kumfurahisha. Tangu siku hiyo mchezo unakaa katikati ya mazungumzo yako, kati ya jina la mama yako na jina la shefu wa zamu, na unakuandikia kama vile ni mtu: njoo, zawadi yako inangoja, usikose. Wazee walisema: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Mgeni huyu umemlaza nyumbani miezi mingapi, naye halimi?

Usingizi unaoibwa

Angalia jinsi michezo hii ilivyotengenezwa. Katika Hamster Kombat, alama zilijikusanya zenyewe kwa saa 3 tu baada ya mtu kuufunga mchezo. Saa 3 zikipita, zilisimama mpaka arudi kuufungua. Maana yake ni nini kwa mtu anayetaka kushinda? Ni kuamka kila saa 3. Mtu anayelala mchana ili afanye kazi usiku, akikatiza usingizi wake kila saa 3, hajalala. Amesinzia tu.

Nakueleza jambo hili kwa sababu lilinipata mimi mwenyewe. Sitaji kampuni wala mchezo, maana kosa lilikuwa langu. Kazi yangu wakati ule ilikuwa kuelekeza kamyo zinaporudi nyuma mahali pa kupakia. Mchana nilikuwa ninaamka mara tatu, mara nne, kubonyeza. Mke wangu aliniambia, «Baba, macho yako yamekuwa mekundu.» Nilimjibu kwamba ni vumbi.

Usiku mmoja, karibu saa kumi ya alfajiri, kamyo ilikuwa inarudi nyuma na mimi nimeinua taa. Simu haikuwa mkononi mwangu. Nilikuwa nimeiacha mlangoni kama sheria inavyotaka. Lakini macho yangu yalifumba nikiwa nimesimama. Nilipoyafungua, nilisikia firimbi ya mwenzangu na breki. Gurudumu lilikuwa limesimama hatua mbili kutoka mguu wa kijana aliyekuwa akisafisha chini. Kijana yule ana mke na watoto wawili. Asubuhi nilirudi nyumbani, nikaketi mbele ya bukari, nikashindwa kula.

Ndiyo maana napingana na wenzetu wanaosema: «Kampuni imekataza simu shimoni, shauri limekwisha.» Halijaisha. Simu inabaki mlangoni, lakini uchovu hauna mahali pa kuachwa. Mlinzi anayepekua mifuko hawezi kuupekua usingizi uliokosa.

Hesabu ya uchovu

Mwaka 1997 wataalamu wa Australia walichapisha kipimo chao: mtu aliyekaa macho kwa saa 17 anafanya kazi kwa mikono na akili kama mtu mwenye kileo cha asilimia 0.05 katika damu. Katika nchi nyingi mtu mwenye kiasi hicho haruhusiwi kuendesha motokari.

Fanya hesabu pamoja nami. Umeamka saa kumi na mbili ya asubuhi. Mchana hukulala, ulikuwa unabonyeza. Jioni umeingia zamu ya usiku. Ikifika saa tano ya usiku, saa 17 zimetimia, na zamu ingali inaanza. Hukunywa hata chupa moja, lakini mwili wako unafanya kazi kama wa mtu aliyekunywa. Na kamyo inayokwenda kilometa 40 kwa saa inapita mita 11 kila sekunde. Dereva akifumba macho sekunde 3, kamyo imekwenda mita 33 bila dereva.

Watu wa reli wanajua

Msomaji wa Dilolo ataelewa upesi neno linalofuata, kwa sababu mji wake ni mji wa reli. Njia ya kutoka Lobito iliungana na reli zetu mwaka 1931, na kutoka Dilolo hadi Kolwezi ni njia moja tu. Treni mbili haziwezi kupishana isipokuwa mahali pa kupishania. Mwenye kutoa ruhusa anashika maisha ya watu mkononi.

Katika Ujerumani, karibu na mji wa Bad Aibling, kulikuwa na njia moja kama hiyo. Tarehe 9 Februari 2016 treni mbili za abiria zilikutana uso kwa uso. Watu 12 walikufa, na wengine zaidi ya 80 waliumia. Mfanyakazi aliyekuwa akiongoza treni alikuwa anacheza mchezo katika simu yake akiwa kazini, mawazo yake yakapotea, akaruhusu treni zote mbili. Desemba ya mwaka huo mahakama ilimhukumu kifungo cha miaka 3 na miezi 6.

Kabla ya hapo, Septemba 2008, huko Chatsworth katika Marekani, watu 25 walikufa treni ya abiria ilipogongana na treni ya mizigo. Wachunguzi walikuta kwamba dereva alikuwa anashughulika na ujumbe wa simu, akapita taa nyekundu. Yeye mwenyewe alikufa.

Watu hawa hawakuwa wabaya. Walikuwa wafanyakazi kama wewe na mimi, wenye kazi waliyoizoea. Mazoea ndiyo yaliyowadanganya kwamba jicho moja linatosha.

Na ile pesa?

Utaniambia: «Ndugu, mimi sichezi bure, natafuta pesa ya watoto.» Neno hili nalielewa, maana nami nililisema. Lakini tazama mwisho wake. Wenye Hamster Kombat walijitangaza kuwa wamefikia wachezaji milioni 300. Tarehe 26 Septemba 2024 walipogawa sarafu yao, watu wengi waliokuwa wamebonyeza kwa miezi walipata dola chache tu. Toa bei ya mega ulizonunua. Toa siku ulizoamka umechoka. Kinachobaki hakitoshi hata mfuko mmoja wa unga. Na mguu wa mwenzako ungeulipa kwa sarafu gani?

Namna ya kuutoa

Fanya kazi hii siku ya mapumziko, umekaa, si njiani kwenda kazini.

1. Katika Telegram, fungua orodha ya mazungumzo. Weka kidole juu ya jina la mchezo bila kukiinua mpaka uone alama. Chagua kufuta, simu nyingi za kwetu zinaandika «Supprimer». Ikikuuliza kama unataka kuuzuia pia, kubali. Isipokuuliza, fungua kwanza ukurasa wa jina lile, chagua «Bloquer», halafu ufute. Kufuta bila kuzuia ni kumtoa mgeni na kumwachia ufunguo, maana mchezo unaweza kukuandikia tena.

2. Toka katika vikundi vyote ulivyoingia kwa ajili ya kupata alama. Kama picha ya mchezo iko pia kwenye uso wa simu, iondoe.

3. Kwa michezo ya Facebook, ingia katika «Paramètres», tafuta «Applications et sites web», chagua mchezo, uondoe.

4. WhatsApp haina michezo ya namna hii ndani yake. Inayokuja ni anwani za nje zinazotumwa na watu, pamoja na neno «tuma kwa watu 10». Usibonyeze wala usitume. Futa.

5. Namba ya siri ya pesa zako katika simu, iwe ya M-Pesa, ya Airtel Money au ya Orange Money, usiiandike katika mchezo wowote. Hakuna zawadi ya kweli inayoomba namba hiyo.

6. Ukishaondoa, mwambie rafiki aliyekutumia: «Ndugu, nimetoka, usinitumie tena.» Usimfiche. Pengine naye anatafuta mtu wa kumtangulia.

Neno kwa nyumba nzima

Mama, wewe unajua saa ya kulala ya baba kuliko daktari. Ukimwona anageukageuka na mwanga wa simu usoni mchana, usikae kimya kwa heshima. Mwambie kwa upole, na mshike simu mpaka aamke. Simu ya ndugu ikilia kwa jambo kubwa, utamwamsha.

Baba, simu yako unampa mtoto akirudi masomoni, naye anabonyeza kila kinachong'aa. Michezo mingine haikuingizwa na wewe. Kagua orodha yako kila juma, kama unavyokagua kamba na taa kabla ya kazi. Wala usimpige mtoto kwa kosa ambalo wewe unalifanya mbele yake.

Na kwenu mashefu wa zamu, nina ombi. Mnauliza kila siku kama mtu amevaa kofia. Ulizeni pia kama amelala. Na mtu akijibu kwa ukweli, «Shefu, leo sikulala,» msimcheke wala msimwite mvivu. Mpeni kazi isiyokuwa karibu na magurudumu. Ukweli ule umeokoa mtu. Mimi ningeusema usiku ule, mwenzangu asingehitaji kupiga firimbi.

Msomaji mpendwa, kutoka Kapata hadi Luilu, kutoka Musonoi hadi Dilolo, tumezika watu wengi ambao kazi iliwachukua. Ajali nyingine zinatoka kwa mwamba na kwa mitambo, na kuzizuia kunahitaji fedha na wataalamu. Hii yetu ya leo inahitaji kidole chako na dakika tano. Leo jioni, kabla ya kulala, chukua simu, toa mchezo, ulale.

Mfanyakazi aliyelala vizuri anarudi nyumbani kwa miguu yake.