Kengele ya Kisauni na Mfalme wa Armenia

Majuzi nilipanda matatu hapa Bamburi nikielekea mjini. Tulipokaribia njia panda, utingo akapaza sauti, "Wa Kengeleni washuke!" Kijana niliyeketi naye akaniuliza, "Mzee, mbona hapa pakaitwa Kengeleni?" Nikamwonyesha mnara wenye kengele kando ya barabara. Akastaajabu. Yeye ni Mkristo, kila Jumapili yumo kanisani, wala hakupata kuambiwa.

Ndugu msomaji, swali lile lilinikumbusha Waarmenia. Taifa hilo hujivunia kuwa la kwanza duniani kuufanya Ukristo kuwa dini ya dola. Mapokeo yao yautaja mwaka 301, ingawa wataalamu wengi husema ni karibu na 314. Husimulia kwamba Mfalme Tiridates alimtupa Mtakatifu Gregory shimoni kwa miaka 13, kisha mfalme akaugua, akaponywa na mfungwa wake yule yule, akabatizwa. Raia wakamfuata. Kila mtoto wa Kiarmenia hulelewa na kisa hicho.

Mombasa nayo ilipata kuwa na mfalme Mkristo. Yusuf bin Hassan alipelekwa Goa angali mtoto, baada ya baba yake kuuawa kwa hila ya Wareno. Huko akalelewa na mapadre, akabatizwa jina la Jerónimo, na mwaka 1626 akarudishwa kutawala. Lakini dini aliyovishwa na waliomwaga damu ya babake haikumkaa. Agosti 1631 aliivamia Ngome ya Yesu, akamwua kapteni wa Kireno, akarudia Uislamu, na Wakristo wengi waliokataa kuiacha imani yao wakauawa. Mwaka uliofuata akauhama mji. Kwetu sisi, basi, njia ya mfalme ilishindwa.

Ukristo uliodumu ulishika kwa njia nyingine. Krapf alifika mwaka 1844, akamzika mkewe na mtoto wake mchanga huku bara, upande wa Nyali. Yeye na Rebmann walihubiri Rabai miaka mingi, wakapata waumini wa kuhesabu kwa vidole. Mtu wa kwanza kubatizwa alikuwa Mringe, kiwete aliyekuwa akingojea kufa.

Kilichobadili mambo ni mkataba wa 1873 uliofunga soko la watumwa Unguja. Mwaka uliofuata Price alitumwa kuanzisha makao ya watu waliookolewa majahazini, yakaitwa Frere Town, hapo hapo Kisauni. Walimu wao wa kwanza hawakuwa Wazungu peke yao. Walikuwamo Waafrika waliowahi kuwa watumwa, wakasomeshwa Nasik, Bara Hindi, kisha wakarejea. Wawili kati yao, William Jones na Ishmael Semler, waliwekewa mikono na Askofu Hannington mwaka 1885. Kengele iliwaita watu kusali, na husimuliwa kuwa iliwaonya pia wafanyabiashara wa watumwa walipokaribia.

Kule Rabai, watoro waliowakimbia mabwana zao walijificha misheni kwa mamia. Mwaka 1889 yapata 1,400 kati yao walipewa hati za uhuru, baada ya mabwana kulipwa fidia.

Basi hiyo ndiyo tofauti. Armenia dini ilishuka kutoka kiti cha enzi. Hapa ilipanda kutoka tumbo la jahazi. Waliokuwa hawana ukoo wala shamba ndio waliojenga kanisa.

La kusikitisha ni kwamba jambo ambalo Mwarmenia angelifanyia sikukuu, sisi twalionea haya. Nimewasikia watu wakiitana "mtoro" kwa dharau, na nawajua wajukuu wa Frere Town waliobadili kabila midomoni mwao ili wasiulizwe maswali. Sharti mtu aulizwe kwanza: ni nani wa kuona haya, aliyeuzwa au aliyemwuza?

Mambo ni mengi leo Kisauni. Magorofa yanapanda, ardhi inagombaniwa, barabara inapanuliwa. Mnara ule usiachwe uwe alama ya kituo cha matatu tu. Walimu wawapeleke watoto pale, wa kanisani na wa madrasa kwa pamoja, maana habari ya utumwa yatuhusu sote.

Kijana yule alishuka mjini akaniambia, "Mzee, kumbe nimepita pale maisha yangu yote." Nami nilipita miaka mingi kabla sijauliza.